Wanachekelea Filamu Ambayo Hawajaiona

Kuna video fupi za aina moja zinazozunguka sana kwenye simu zetu siku hizi. Picha ni nyeusi na nyeupe. Mwanamke amekaa dirishani anavuta sigara, nje mvua inanyesha. Mwanamume anaingia, anasimama, hasemi kitu. Mwishowe anatamka maneno mawili matatu kwa lugha inayosikika kama Kifaransa au Kiswidi, na chini ya picha yanatokea maandishi: nyanya hii nayo ina upweke. Basi, imekwisha. Na tangu programu za akili mnemba zianze kutengeneza video zenye sauti, hakuna tena haja ya kumtafuta mwanamke, dirisha wala mvua. Mtu anaandika sentensi moja na kupata "filamu ya Ulaya" yake kabla chai haijapoa.

Maoni juu ya video hizi yamegawanyika pande mbili. Upande mmoja wanalalamika kwamba kizazi hiki hakiheshimu kitu, kwamba kazi za watu walioitafuta sanaa kwa jasho zinageuzwa kituko cha sekunde thelathini. Upande wa pili wanashangilia: hatimaye ukweli umesemwa, zile filamu ndefu za kimya zilikuwa usanii mtupu, na wasomi walioziabudu wameumbuka. Pande hizi zinagombana vikali lakini zinakubaliana jambo moja bila kujua, kwamba video hizi zinazicheka filamu za Ulaya. Hapo ndipo ninapotofautiana na wote. Video hizi haziwezi kuzicheka filamu za Ulaya kwa sababu hazizijui. Zinaurudia mzaha wa zamani, uliotengenezwa Marekani na Uingereza katika miaka ya 1960 na kuendelea kidogo, na mzaha ule haukuwa na shabaha ambayo wengi wanaidhani. Aliyekuwa anachekwa hasa ni mtazamaji.

Tuanze na mwaka 1957. Ndani ya mwaka huo mmoja Ingmar Bergman wa Uswidi alitoa filamu mbili ambazo ndizo zilizozaa karibu kila utani uliofuata. Ya kwanza ni Det sjunde inseglet, Muhuri wa Saba, jina lililotoka katika sura ya nane ya Ufunuo, pale muhuri unapofunguliwa na mbinguni kukawa kimya kama muda wa nusu saa. (Anayesema filamu hizi zina kimya kirefu aanze kesi yake na Yohana.) Mpiganaji Antonius Block anarudi kutoka vita vya msalaba, anakuta tauni imetanda nchini, na ufukweni anamkuta Mauti amesimama amevaa joho jeusi. Wanakaa kucheza sataranji, roho ikiwa ndiyo dau. Wazo hilo Bergman hakulitunga kutoka hewani. Katika kanisa la Täby, karibu na Stockholm, upo mchoro wa Albertus Pictor wa karne ya 15 unaomwonyesha Mauti akicheza sataranji na mtu. Filamu ya pili ni Smultronstället: mzee Isak Borg, daktari, anasafiri kwa gari kwenda Lund kupewa heshima ya chuo kikuu, na njiani anapita kwenye nyumba ya utotoni ambako matunda pori yanamfungulia kumbukumbu zote.

Filamu hizi zilivuka bahari kwa haraka. Kampuni ya Janus Films, iliyoanzishwa mwaka 1956, ilizisambaza Marekani kwenye majumba madogo ya sinema, hasa katika miji ya vyuo. Bergman akachukua Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni mara mbili mfululizo, mwaka 1961 na 1962. Nyuma yake walikuja waongozaji wenzake, Fellini na Antonioni wa Italia, Resnais na Godard wa Ufaransa. Katika baadhi ya mitaa ya New York kwenda kuwaona hao ikawa sehemu ya kuonekana mtu mzima aliyesoma. Ulikaa gizani, ukasoma maandishi chini ya picha, ukatoka nje kimya, na kwenye kahawa ukatafuta la kusema. Kama hukuelewa, hukusema hukuelewa.

Ni katika hali hiyo, mwaka 1968, ilipotokea De Düva, yaani Njiwa, filamu ya kama dakika kumi na tano iliyoongozwa na George Coe na Anthony Lover. Msomi mzee anasafiri kwa gari. Njiwa anapita juu na kuangusha kinyesi kwenye kioo cha mbele. Mzee anakumbuka. Anaifikia nyumba ya utotoni, lakini kinachomfungulia kumbukumbu si matunda pori ya Bergman. Ni choo cha nje. Tunarudishwa kwenye mandari ya ujanani, nguo nyeupe, majani, jua. Mauti anawasili na joho lake kumchukua dada wa mzee huyo. Inakubaliwa wacheze, roho iwe dau, na mchezo unaochaguliwa ni badmintoni. Tunamwona Mauti, kofia ya joho kichwani, anakimbizana na kinyoya uwanjani kwa umakini wote wa mtu mwenye kazi ya milele. Katika pigo la kuamua, njiwa anapita tena na kufanya lile alilolifanya mwanzo, safari hii juu ya Mauti. Mauti anashindwa.

Ukisimuliwa hivyo unaweza kudhani ni vituko vya jukwaani. Ukiitazama unagundua jambo jingine: mwanga ni ule wa Uswidi, sura zinapigwa picha kwa karibu namna ileile, kamera inasubiri mahali palepale ambapo Bergman angesubiri. Hakuna mwigizaji anayemkonyeza mtazamaji. Madeline Kahn, ambaye miaka michache baadaye angekuwa mmoja wa wachekeshaji wakubwa wa sinema ya Marekani, anaonekana hapo kwa mara ya kwanza kwenye filamu, na hata akiwa na sigara kubwa mkononi uso wake hautikisiki. Waliotengeneza hii waliziona filamu za Bergman si mara moja wala mbili.

Lakini ujanja wenyewe uko katika lugha. Waigizaji hawazungumzi Kiswidi. Wanazungumza Kiingereza kilichovalishwa viambishi na lafudhi ya Kiswidi, kiasi kwamba mtu wa New York anaielewa sentensi kwa sikio kabla hajaisoma. Chini ya picha maandishi yanaendelea kuteremka kwa Kiingereza safi, cha heshima, kana kwamba yanafasiri jambo zito. Ukifika hapo unashtuka kwamba unasoma kitu ambacho umeshakisikia. Unasoma kwa mazoea, kwa adabu, kwa sababu ndivyo mtu aliyestaarabika anavyofanya mbele ya filamu ya kigeni. Kicheko kinachotoka hapo hakimwendei Bergman hata kidogo. Kinamrudia aliyekaa kwenye kiti, aliyetumia miaka kadhaa kuyapa maandishi ya chini unyenyekevu ambao pengine hakuwahi kuupa mazungumzo ya jirani yake. De Düva iliteuliwa kuwania Oscar ya filamu fupi na ikashindwa na filamu ya kumbukumbu ya Robert Kennedy, aliyekuwa ameuawa Juni ya mwaka huohuo. Kwa mwaka kama ule, njiwa wa mzaha hakuwa na nafasi mbele ya msiba ule.

Mwenye shaka na hoja yangu kuhusu shabaha azitazame kazi nyingine za ukoo huo. Mwaka 1963 Ernest Pintoff alitengeneza katuni ya dakika chache, The Critic. Kwenye skrini maumbo yasiyo na maana dhahiri yanazunguka na kugawanyika kwa muziki wa kinanda, kama katuni za kisanii za wakati ule. Tunachosikia ni sauti ya mzee mmoja ndani ya ukumbi, iliyotiwa na Mel Brooks papo kwa papo, akinung'unika na kuuliza hiki ni kitu gani na kwa nini amelipa pesa yake, huku wenzake wakimnyamazisha. Ikapata Oscar. Katuni yenyewe haikutiwa kasoro. Imetengenezwa vizuri tu. Kinachochekesha ni mpambano wa watazamaji wa aina mbili: yule asiyeweza kunyamaza na wale wasiothubutu kusema. Mwaka 1970 Monty Python, kundi la wachekeshaji wa televisheni wa Uingereza, walionyesha kipande cha filamu ya Kifaransa ya kubuni, mwanamume na mwanamke wanazungumza jalalani kuhusu kabichi. Kabichi peke yake ingechekesha kidogo. Kinachoikamilisha ni mhakiki anayefuata, amekaa kitini anaifafanua kabichi ile kwa maneno mazito mpaka unatamani kurudi jalalani. Na Wakanada wa SCTV, kipindi cha vichekesho cha televisheni, walimleta mtangazaji wa kipindi cha filamu za kutisha za watoto, Count Floyd, ambaye siku hiyo amewekewa filamu ya mtindo wa Bergman kimakosa. Wanawake wawili wanateseka kimyakimya kwenye skrini, na yeye amevaa joho lake la mzimu anajitahidi kuwaambia watoto kwamba inatisha sana. Katika zote hizi wimbo ni mmoja: mtu amekabiliwa na kitu kisichojieleza, na anajitutumua kuonyesha kwamba anakimudu.

Kuna sababu nyingine inayonifanya nisikubali kwamba mzaha huu ulikuwa matusi kutoka nje. Bergman mwenyewe alikuwa ameshaanza kucheka kabla yao. Mwaka 1951, sinema ya Uswidi iliposimama kwa mgomo wa wazalishaji, alikuwa na familia ya kulisha, akatengeneza matangazo tisa ya sabuni iitwayo Bris. Si matangazo ya kinyonge. Ni filamu fupi za vichekesho, na katika mojawapo binti mfalme analipia sabuni kwa mchunga nguruwe kwa busu mia moja. Binti mfalme huyo ni Bibi Andersson akiwa kijana mdogo kabisa, yuleyule atakayekuja kuwa Mia katika Muhuri wa Saba na muuguzi Alma katika Persona. Mapema zaidi, katika Fängelse ya mwaka 1949, Bergman alikuwa ameweka ndani ya filamu yake kichekesho kifupi kisicho na sauti, cha kukimbizana chumbani, ambamo Mauti naye anachomoza kuwatisha watu. Kipande hicho alikirudisha mwanzoni mwa Persona, mwaka 1966, filamu ambayo hakuna anayeitaja kwa kicheko.

Turudi pia kwa Mauti mwenyewe, yule mweupe usoni aliyeigizwa na Bengt Ekerot. Bergman aliandika baadaye kwamba walikubaliana awe na sura iliyochanganya kinyago cha mchekeshaji wa sarakasi na fuvu la kichwa. Ndiyo kusema, huyu tunayemwona kama kilele cha uzito wa Ulaya alipakwa rangi makusudi awe nusu kichekesho. Na ndani ya filamu hiyohiyo ipo sehemu ambayo mwigizaji Skat, baada ya kujifanya amejiua ili akwepe ugomvi, anapanda mtini kulala salama. Anasikia msumeno. Anachungulia chini, anamwona Mauti anaukata mti kama fundi aliyepewa kazi ya siku. Skat anauliza kama hakuna msamaha maalumu kwa waigizaji. Hakuna. Mti unaanguka, na kindi anarukia kisiki. Aliyeona sehemu hiyo hawezi kusema De Düva ilimletea Bergman kicheko kisichokuwa chake. Coe na Lover waliona mbegu iliyokuwamo na kuimwagia maji hadi ikawa mti mzima.

Sasa tuzipime hoja za wanaolalamika, maana si zote ni za kupuuzwa. Ipo inayosema kwamba kuigiza lugha ya watu kwa sauti za kubahatisha ni dharau ya mwenye nguvu kwa mgeni. Hii inanigusa, na nadhani inamgusa kila Mwafrika aliyewahi kukaa mbele ya filamu ya Hollywood ambamo "wenyeji" wanabwabwaja sauti zisizo lugha ya mtu yeyote, ngoma zikilia nyuma. Lakini tofauti ipo na inaonekana. Kwenye zile filamu lugha ya uongo ilitumiwa kwa sababu mtengenezaji hakudhani kuna atakayejali, na mtazamaji aliombwa aamini. Kwenye De Düva mtazamaji anaombwa agundue. Uongo wa lugha umewekwa wazi ndio kichekesho chenyewe, na anayeumbuka ni mzungumzaji wa Kiingereza anayesoma lugha yake mwenyewe kama tafsiri. Hata hivyo sitaisafisha kabisa. Baadhi ya video za leo zimebakiwa na lafudhi tu, zikaisahau ile hesabu nyingine yote, na hapo dharau inarudi kupitia mlango wa nyuma.

Hoja dhaifu kuliko zote ni ile inayopendwa zaidi, kwamba mzaha huua sanaa nzito. Tarehe zinaikataa. Baada ya De Düva Bergman alitengeneza Viskningar och rop, iliyompatia mpigapicha Sven Nykvist Oscar. Akatengeneza Scener ur ett äktenskap kwa ajili ya televisheni mwaka 1973. Na Fanny och Alexander ya mwaka 1982 ikachukua Oscar nne. Chantal Akerman alitoa Jeanne Dielman mwaka 1975, zaidi ya saa tatu za mama wa nyumbani anayemenya viazi na kutandika kitanda, miaka mitano baada ya Monty Python kucheka kabichi yao. Mwaka 2022 wahakiki waliopiga kura kwenye jarida la Sight and Sound la Uingereza waliiweka filamu hiyo namba moja kuliko zote za dunia. Kama kicheko kingekuwa sumu, isingefika huko. Tena kicheko hakikusubiri wachekeshaji. L'Avventura ya Antonioni ilizomewa na kuchekwa na watu wa Cannes wenyewe mwaka 1960, waliovaa suti, na tamasha hilohilo likaipa tuzo ya majaji.

Kwa upande wa wanaoshangilia, wanaosema mzaha uliufichua utapeli, jibu ni fupi. Mtu hakai kuiga mwanga, mkao wa kamera na urefu wa kimya cha kitu anachokiona ni takataka. Kazi ile ni kubwa mno.

Hoja inayonisumbua kweli ni nyingine: kwamba mzaha hukaa mahali pa kitu chenyewe. Hii ni kweli na imeshatokea. Mwaka 1991, katika vichekesho vya vijana vya Hollywood, Bill & Ted's Bogus Journey, Mauti mweupe usoni anashindwa na vijana wawili katika michezo ya mezani mmoja baada ya mwingine, hadi ule wa kujipindapinda sakafuni. Kufikia hapo mamilioni ya watoto walimjua Mauti anayecheza michezo bila kuwa na habari ya Uswidi, tauni wala Täby. Mzaha ulikuwa umekata kamba yake. Haukuhitaji tena mtu awe ameona kitu chochote, ulijitosheleza. Video zinazotufikia leo ni wajukuu wa hatua hiyo. Mpwa wangu aliponionyesha mojawapo akicheka, nilimuuliza inaiga filamu gani. "Mjomba, si zile za Kifaransa," akasema. Zipi? Akaniangalia kama mtu aliyeulizwa swali la hesabu. Simlaumu, maana hata aliyeitengeneza hangeweza kujibu.

Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya iligusa jambo hili bila kukusudia sinema. Mwaka 2014, katika kesi ya Deckmyn iliyotokana na mwanasiasa wa Ubelgiji na kalenda yenye mchoro ulioiga jalada la kitabu cha katuni, mahakama ilisema kejeli ya namna hii ina sifa mbili: ikumbushe kazi iliyopo huku ikitofautiana nayo waziwazi, na iwe na ucheshi au dhihaka. Chukua kipimo hicho uweke mwanamke wa dirishani na nyanya yake. Ucheshi upo. Lakini inakumbusha kazi ipi? Inakumbusha ukungu wa sifa, sigara, mvua, huzuni, ambao haumo katika filamu yoyote moja. Det sjunde inseglet imejaa kelele, kuna waliojipiga mijeledi barabarani, kuna baa, kuna mhunzi anayegombania mke. Ngoma maarufu ya mauti mwishoni mwake, watu wameshikana mikono juu ya kilima dhidi ya mawingu, ilipigwa haraka mwanga ulipotokea ghafla, na kwa kuwa baadhi ya waigizaji walikuwa wameshaondoka, mafundi na watalii waliokuwa karibu wakavalishwa nguo zao. Mambo kama hayo hayaingii kwenye video ya sekunde thelathini kwa sababu hayaingii kwenye sifa.

Tena liko tatizo la muda, ambalo naona halisemwi. Mali ghafi ya sinema ile ni muda wenyewe. Anayetaka kuucheka mwendo wa polepole hana budi kwenda polepole naye, ashikilie picha mpaka mtazamaji aanze kujikuna, kisha ndipo alete kinyesi cha njiwa. De Düva ina dakika kumi na tano na inazitumia. Video ya simu inaogopa sekunde ya tatu, kwa sababu ndipo kidole kinapopandisha skrini. Hivyo inabaki kuvaa nguo za filamu ya polepole huku ikikimbia. Programu za akili mnemba zimeongeza kasi ya mbio hizo tu. Zinatoa nguo safi kabisa, mwanga mzuri kuliko aliokuwa nao Coe, lakini uamuzi wa ni kitu gani kimoja kigeuzwe, matunda pori yawe choo, sataranji iwe badmintoni, unahitaji mtu aliyekaa na filamu ikamchosha, ikamvutia, ikamchosha tena.

Hapa kwetu ushahidi wa hoja hii upo mlangoni, ingawa hauhusiani na Bergman. Wachekeshaji wa Dar es Salaam na Nairobi wanaorekodi kwa simu hawaigi sinema ya Uswidi. Wanaiga tamthilia za Kifilipino, za Kihindi na za Kituruki zilizotafsiriwa kwa sauti: mama mkwe anageuka, kamera inamrudia mara tatu, radi inapiga ndani ya nyumba yenye paa, kila jamaa wa ukoo anaonyeshwa ameachama, na ile sauti ya mtafsiri inasema "Siwezi kuamini" kwa ubaridi wa mtu anayesoma bei za vitunguu. Inachekesha mpaka watu wanafuta machozi, na inachekesha kwa sababu mchekeshaji na mtazamaji wamekaa miaka mbele ya kitu hicho hicho, saa mbili usiku, wakikifuata kwa dhati. Shabaha ni sisi tuliolia pamoja na yule mama mkwe. Kwa maana hiyo vijana wale wanaogeuza shingo mara tatu kwenye ua wa nyumba ya kupanga Mbagala wako karibu zaidi na De Düva kuliko video zote za mwanamke wa dirishani zikiwekwa pamoja, na sijui kama kuna aliyewaambia.

Kwa hiyo tunaweza kuisoma kejeli kama kipimo cha kile ambacho umma fulani umekiona kwa pamoja. De Düva inatuonyesha kwamba New York ya mwaka 1968 ilikuwa na watu wa kutosha waliomjua Bergman kiasi cha kuona haya juu ya namna walivyomjua. Video za leo zinatuonyesha kwamba umma huo umetawanyika; kilichobaki cha pamoja ni uvumi kuhusu filamu. Wanaolalamika kwamba vijana wanaidharau sinema ya Ulaya wanawapa vijana sifa wasiyostahili, kwani dharau nayo inahitaji ujuzi. Na wanaoshangilia kwamba utapeli umefichuliwa wanashangilia mechi isiyochezwa.

Kama nikiulizwa la kufanya, nitajibu kwa jambo dogo la ratiba. Vilabu vya filamu na matamasha yetu, likiwamo la Zanzibar, yanapoweka usiku wa sinema za zamani za kigeni, hupenda kuanza na kitu chepesi ili watu wachangamke. Kwa filamu hizi mpangilio huo ungeharibu kila kitu. Waonyesheni kwanza Det sjunde inseglet, dakika tisini na sita, bila utangulizi wa profesa wala karatasi ya maelezo, na anayecheka Skat anapokatiwa mti aachwe acheke. Zimeni taa tena palepale, watu hawajapata nafasi ya kwenda nje kutafuta la kusema, kisha wekeni njiwa.